Dada Aliyeleta Maji ya Kunawa

Somo: Matendo ya Mitume 9:36–42



Kuna nyumba moja ambayo kwa miaka minne nilikuwa nikienda karibu kila mwezi, kwanza kwa ibada ya jumuiya, kisha kwa chakula. Kila mara, kabla hatujala, binti mmoja alitujia na jagi la maji ya uvuguvugu, beseni, na taulo begani. Alinimiminia maji, nikanawa, nikasema, "Asante, dada." Naye alipiga goti kidogo, akasogea kwa mwingine. Mwezi mmoja nilifika nikakuta maji yanaletwa na mtoto wa nyumba ile. Dada alikuwa amerudi kwao kumuuguza mama yake. Mwenyeji akaniambia, "Mchungaji, tumwombee dada na mama yake." Nikainamisha kichwa, nikafungua kinywa, na hapo ndipo nilipotambua kwamba simjui jina. Nikamwombea hivyo hivyo, "dada yetu." Mungu alimjua, sina shaka. Mimi niliyenawa kwa mkono wake miaka minne sikumjua.

Jambo hilo limekaa moyoni mwangu. Wiki hii limenirudia kwa nguvu nilipokuwa nikitazama filamu ya zamani ya Kimarekani iliyotoka mwaka 1959, *Imitation of Life*. Naomba niwaeleze habari za mama mmoja aliyeigiza humo, maana amenifundisha somo la leo kuliko vitabu vya ufafanuzi nilivyo navyo kabatini.

Anaitwa Juanita Moore. Alizaliwa Oktoba 1914 huko Greenwood, mji wa pamba katika jimbo la Mississippi, na angali mtoto familia yake ikahamia Los Angeles. Wamarekani weusi wengi sana walikuwa wakiondoka Kusini miaka ile kutafuta mahali pa kupumua. Ni karibu na Greenwood ambako mwaka 1955 kijana Emmett Till, wa miaka 14, alitolewa kitandani usiku na wanaume weupe, wakamuua. Moore alikuwa ameshakuwa mtu mzima mwenye kazi yake California wakati huo, lakini mtu hasahau alikotoka.

Ujanani alikuwa mcheza dansi. Alicheza Cotton Club ya New York, ukumbi ambao waimbaji na wachezaji wake walikuwa weusi na wateja wake weupe. Baadaye alijifunza uigizaji Hollywood, na mwaka 1949 akatokea katika filamu ya *Pinky* kama muuguzi, bila jina lake kuandikwa kwenye orodha ya waigizaji. Kwa miaka kumi iliyofuata kazi yake ilikuwa ya namna hiyo: siku moja studio hii, siku mbili studio ile, mtumishi wa nyumbani, mfungwa katika gereza la wanawake, mama anayefungua mlango na kupokea kofia za wageni. Anayefanya kazi hiyo huitwa mwigizaji msaidizi. Analipwa kwa siku, na kazi yake ni kuhakikisha kwamba mwigizaji mkuu anapoingia, nyumba inaonekana nyumba kweli na chai inaonekana imepikwa na mtu.

Kwa mwanamke mweusi wa enzi zile, nafasi hizo ndizo zilizokuwapo. Hattie McDaniel, mtu mweusi wa kwanza kupata tuzo ya Oscar, aliipata mwaka 1940 kwa kuigiza mtumishi, na usiku ule wa sherehe aliketishwa kwenye meza ya pembeni, mbali na waigizaji wenzake weupe. Mlango ulifunguliwa kidogo, upana wa mtu mmoja aliyebeba sinia.

Ndipo Moore akapewa nafasi ya Annie Johnson katika *Imitation of Life*.

Kisa chenyewe ni hiki. Lora Meredith, mjane mweupe anayetaka kuwa mwigizaji mashuhuri, anampoteza binti yake mdogo ufukweni Coney Island, akamkuta kwa mama mmoja mweusi, Annie, ambaye naye ana binti mdogo. Annie hana pa kulala. Lora anamkaribisha kwa usiku mmoja, na usiku mmoja ule unakuwa zaidi ya miaka kumi. Annie anapika, anafua, analea watoto wawili, anapokea simu kwa sauti ya mtumishi wa nyumba kubwa ili watu wadhani Lora ana uwezo, wakati kodi ya chumba haijalipwa. Lora anafanikiwa. Anapata jumba, magauni na vito. Annie anahamia naye kwenye jumba, jikoni.

Binti wa Annie, Sarah Jane, amezaliwa na ngozi nyeupe kiasi kwamba asiyemjua hawezi kumtambua. Anaikataa asili yake, na kwa kuikataa inambidi amkatae mama yake, kwa sababu mama ndiye ushahidi. Anamficha shuleni. Anapokuwa msichana anatoroka, anabadilisha jina, anakwenda kucheza dansi katika kumbi za usiku.

Hapa nikae kidogo, maana hapa ndipo nilipozima filamu, nikatoka nje, nikarudi.

Mama mgonjwa, aliyebakiza siku chache, anapanda ndege kwenda kumtafuta mwanawe. Anamkuta katika chumba cha hoteli huko Hollywood. Hakuja kumrudisha. Anamwambia kwamba hatamsumbua tena, amekuja kumwona tu, kumkumbatia mara moja. Wakiwa wamekumbatiana, msichana mwenzake anaingia. Anamwona mama mweusi chumbani, na mara moja anadhani ni mhudumu wa hoteli. Annie anaweza kusema neno moja tu na maisha yote ya uongo ya binti yake yakaanguka. Halisemi. Anajieleza kwamba zamani alimlea binti huyu, kwamba alikuwa akipita mjini akaja kumsalimu, na sasa anakwenda zake. Anamwita "Miss Linda", lile jina la kubuni. Anapotoka mlangoni, Sarah Jane anafumbua midomo kusema neno "mama", na sauti haitoki.

Tazameni aliyeigiza hilo. Moore mwenyewe aliwahi kuwa msichana wa dansi katika kumbi za usiku. Alikuwa akiingia katika chumba anachokijua, kumwona binti anayeishi maisha aliyoyaishi yeye. Na alikuwa amekwisha kuwacheza watumishi wa kutosha kujua namna mhudumu wa hoteli anavyosimama na mahali anapoweka mikono. Miaka kumi ya kuingia na sinia ilikuwa imemwandaa kwa dakika zile chache ambamo mama halisi anaigiza kuwa mtumishi kwa ajili ya mtoto wake. Halii kwa kelele. Anashusha macho, anatabasamu kwa adabu, na unamwona akifa akiwa amesimama.

Aliyeiongoza filamu ile, Douglas Sirk, alikuwa Mjerumani aliyeikimbia nchi yake mwaka 1937 kwa sababu mke wake wa pili alikuwa Myahudi. Mke wake wa kwanza alikuwa amejiunga na chama cha Hitler, akamzuia asimwone mtoto wao wa kiume. Mtoto yule akawa mwigizaji katika filamu za utawala ule, na njia pekee ya baba kumwona mwanawe ilikuwa kwenda sinema, kulipa kiingilio na kukaa gizani kama wengine. Kijana aliuawa vitani mwaka 1944. Nilipolijua hilo nililielewa vizuri zaidi tukio lingine, pale Annie anaposimama gizani katika ukumbi wa usiku akimtazama binti yake jukwaani.

Lakini tukio lililonichoma mimi, mchungaji, ni fupi, halina machozi, na wengi hulipita. Siku moja Annie anazungumza na Lora juu ya mazishi yake mwenyewe, na juu ya marafiki anaotaka waalikwe. Lora anashangaa. Haikumjia kabisa akilini kwamba Annie ana marafiki wengi. Annie anamjibu kwa upole kwamba anao wengi sana, kanisani kwake na katika vyama vyake, na kwamba Lora hakuwahi kuuliza. Moore anayasema maneno yale bila kulaumu. Ingekuwa lawama, Lora angeweza kujitetea. Anayasema kama mtu anayetaja hali ya hewa, na ndiyo maana hayana dawa.

Zaidi ya miaka kumi chini ya paa moja! Na Lora si mtu mbaya. Anampenda Annie, anamlilia kitandani. Anampenda kama tunavyoupenda ukuta wa nyumba tunaouegemea. Annie naye, akiwa kitandani mwa kifo, anagawa mali yake kidogo, na anakumbuka hata muuza maziwa wao wa siku za dhiki, ambaye Lora hamkumbuki tena. Annie anataka apewe noti ya dola 50. Inajulikana kwamba kila Krismasi alikuwa akimtumia zawadi mzee yule kwa niaba yao wote wawili. Lora alikuwa na sifa ya ukarimu asiyoijua, aliyotafutiwa na mtumishi wake.

Kisha mazishi yanafika. Kanisa limejaa. Mahalia Jackson anaimba. Nje, farasi weupe wanne wanavuta gari la jeneza, bendi inapiga, wanachama wa vyama wamevaa sare zao, barabara imefurika watu. Hao ndio watu ambao Lora hakujua kwamba wapo. Sarah Jane anatokea akipasua umati, anaangukia jeneza, na sasa analiita kwa sauti lile neno ambalo halikutoka kule hotelini. Limechelewa.

Wapendwa, fungueni sasa Matendo, sura ya tisa. Huko Yafa kulikuwa na mama aliyeitwa Tabitha, kwa Kigiriki Dorkasi, maana yake paa. Luka anatumia kwake neno la "mwanafunzi" katika umbo la kike, na hakuna mwanamke mwingine katika Agano Jipya lote aliyepewa neno hilo. Pamoja na heshima hiyo, Dorkasi hasemi neno lolote katika kisa chake. Anaugua, anakufa, anaoshwa, analazwa chumba cha juu, Petro anaitwa kutoka Lida, anafufuliwa, anafumbua macho, anaketi, na hata hapo hatusikii sauti yake. Tungemjuaje? Tunamjua kwa sababu chumba kilijaa wajane, na kila mjane alikuja na nguo. Walimwonyesha Petro kanzu na mavazi aliyowashonea alipokuwa hai. Kila mmoja alikuwa na mshono wake wa kuonyesha.

Nimehubiri somo hili mara nyingi na daima nimekimbilia ufufuo. Safari hii nimekawia pale kwa wajane. Petro alikuwa mtume mkuu na hakujua habari za mama yule mpaka alipofika kwenye msiba wake. Alielimishwa na wajane, watu ambao naamini hakuna aliyewauliza lolote mjini Yafa isipokuwa Dorkasi aliyewauliza vipimo vyao. Huwezi kumshonea mtu kanzu bila kumsimamisha mbele yako na kumtazama vizuri, mabega, mikono, kimo. Kila vazi lililoonyeshwa pale lilikuwa ushahidi kwamba mjane mmoja aliwahi kutazamwa.

Turudi kwa Moore, maana kisa chake hakikuishia kwenye filamu. Aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike. Alikuwa mtu mweusi wa tano tu kuteuliwa kwa tuzo ya uigizaji tangu tuzo hizo zianze. Susan Kohner, aliyeigiza Sarah Jane, aliteuliwa pia katika kundi hilohilo, mama na binti wakiwania kitu kimoja. Sherehe ilifanyika tarehe 4 Aprili 1960, na tuzo ikaenda kwa Shelley Winters, kwa filamu ya maisha ya Anne Frank.

Mtu angetegemea kwamba baada ya hapo milango ingefunguka. Ilifungwa. Moore mwenyewe alikuja kueleza kwamba alikuwa akipata kazi nyingi zaidi kabla ya kuteuliwa kuliko baadaye. Wanaopanga waigizaji walimwona sasa ni mtu wa ngazi nyingine, hawakuthubutu kumwita kwa kazi ya siku moja au mbili, na kazi za ngazi hiyo nyingine hazikuwa zikiandikwa kwa mwanamke mweusi wa umri wake. Alipandishwa daraja kwenye ngazi ambayo haikuwa na kidato cha juu yake. Huo ni uonevu, na naomba tuuite kwa jina lake. Kupiga makofi ni rahisi. Kubadilisha orodha ya kazi ndiko kunakogharimu.

Aliendelea. Alikuwa amekwisha kucheza jukwaani London katika *A Raisin in the Sun*, na mwaka 1965 akawa Broadway katika *The Amen Corner*, tamthilia ya James Baldwin inayohusu mama mchungaji wa kanisa dogo huko Harlem. Alitokea kwenye televisheni katika vipindi vingi, mara moja hapa, mara moja pale: mwaka 1964 kwenye mfululizo wa Alfred Hitchcock, baadaye *Adam-12*, *Marcus Welby*, na katika uzee wake *ER*. Mwaka 2000, akiwa na miaka themanini na zaidi, alicheza katika filamu ya watoto ya Disney. Yeye na mumewe, aliyekuwa dereva wa basi mjini Los Angeles, waliishi pamoja miaka hamsini hivi. Alifariki dunia tarehe 1 Januari 2014, akiwa na miaka 99. Hakuteuliwa tena kwa Oscar hata mara moja. Mwaka uliofuata kifo chake, Maktaba ya Bunge la Marekani iliiweka *Imitation of Life* katika hazina ya filamu za kuhifadhiwa na taifa.

Sasa nirudi nyumbani kwetu.

Neno "dada" ni zuri. Tumelichagua kwa heshima, ili tusimwite mtu mtumishi, tumwite ndugu. Na katika nyumba nyingi bado lina heshima hiyo. Lakini nimeanza kuliogopa, kwa sababu linaweza kufanya kazi mbili kwa wakati mmoja: linamkaribisha binti ndani ya ukoo, na linamvua jina alilopewa na wazazi wake. Akiondoka dada huyu, atakuja dada mwingine, na nyumba haitaona tofauti katika kuita. Watoto wetu wamebebwa mgongoni na dada watatu, wanne, na wakiwa watu wazima wanakumbuka harufu ya kanga zao na hawakumbuki jina hata moja. Nafasi ya dada ni kama zile nafasi za Moore za siku moja, ambazo hazikuandikwa jina.

Kanisa nalo limo humo. Katika ukuta wa jengo letu jipya kuna majina ya waliotoa mifuko ya saruji, na ni haki yawepo. Hakuna majina ya akina mama waliochota maji ya kuchanganyia saruji ile. Kila Jumapili mtu anafagia hapa kabla ya ibada ya kwanza, alfajiri na mapema, anapanga viti, anafuta vumbi la wiki kwenye mimbari ninayoishika mimi. Wangapi kati yetu tunajua anakaa wapi?

Baada ya kuitazama filamu ile nilimpigia simu mwenyeji wangu wa zamani, nikamwuliza jina la yule dada. Alinyamaza kidogo, akasema atamwuliza mke wake. Jioni akanitumia jina na namba. Jina sitaliandika hapa, ni lake, na hajaniruhusu. Nilimpigia. Mama yake alikuwa ameshazikwa miezi miwili nyuma. Nilimpa pole, nikamwomba radhi, nikamweleza sababu, naye akacheka kwa aibu akasema, "Si kitu, Baba Mchungaji." Tukazungumza muda mrefu. Kumbe kabla ya kuja mjini alikuwa mwalimu wa shule ya Jumapili katika usharika wa kwao kwa miaka mitatu. Alifundisha watoto wadogo, alikuwa na daftari la nyimbo, na alipofika mjini alilileta kwenye begi lake. Miaka ile minne aliyotumiminia maji, jumuiya ile ilikuwa haina mwalimu wa watoto. Tulilitangaza jambo hilo mara kadhaa, pale pale sebuleni, yeye akiwa amesimama mlangoni ameshika beseni.

Kwa hiyo Jumapili ijayo, katika maombi ya ibada zote mbili, nitasoma majina. Naomba kila nyumba ilete jina la anayewapikia, anayewalelea watoto, anayelinda lango au kulima bustani, kwa ridhaa yake mwenyewe, pamoja na jambo moja analotaka aombewe. Andikeni jina lake kamili, na la baba yake. Mzee wa kanisa atayapokea mlangoni mpaka Jumamosi jioni. Na asiyelijua jina, leo jioni, dada akishaleta maji, amwombe aketi, amwulize.